Barua ya udahili ije na kitu cha kusoma

Mhariri,

Naomba nafasi kwenye ukurasa wa barua za wasomaji nichangie suala la Kiingereza cha vijana waliomaliza kidato cha sita. Hivi karibuni mzazi mmoja wa Kimara aliandika hapa kwa uchungu kwamba mwanawe ana divisheni wani, lakini akiambiwa ajieleze kwa Kiingereza mbele ya wageni anainamisha kichwa. Akashauri kila kijana apelekwe kozi ya kuongea Kiingereza kabla vyuo havijafunguliwa. Uchungu wake naujua, maana na mimi ni mzazi. Ila dawa aliyoitaja haitibu ugonjwa alionao mtoto, na kwa kuwa hii ndiyo miezi ambayo wazazi wanakopa na kuuza vitu ili walipie kozi hizo, nimeona si vizuri kukaa kimya.

Kazi yangu ni ualimu wa Kiingereza. Nimefundisha sekondari zaidi ya miaka 20, na sasa nafundisha stadi za mawasiliano kwa wanafunzi wa mwaka wa kwanza katika chuo kimoja hapa jijini. Vyuo vikifungwa, nakaa na vijana wanaosubiri kwenda chuo katika chumba nilichokodi Mabibo, si mbali na soko la Mahakama ya Ndizi. Kwa hiyo nawapata kabla hawajaingia chuoni, na nawakuta tena wakishaingia.

Katika muda wote huo sijakutana na mwanafunzi aliyedisko, yaani aliyeondolewa chuo kwa kufeli, kwa sababu ya kushindwa kuongea Kiingereza. Waliopata sapu, yaani mtihani wa marudio, waliorudia mwaka, walioondoka kimya kimya wakarudi kwao mikoani, karibu wote niliowafahamu walikwama kwenye kusoma na kuandika. Walipewa sura ya kitabu yenye kurasa 30, saa sita ya usiku ikawakuta ukurasa wa tatu, kamusi mkononi. Waliambiwa waandike insha ya maneno 1,500 kwa kutumia vyanzo vitano, wakaleta vipande vitano vya maandishi ya watu vilivyofuatana bila neno lao wenyewe katikati. Walikaa kwenye mhadhara wa saa mbili wakikimbizana na kila neno la mhadhiri, wakatoka na kurasa ambazo wiki iliyofuata hata wao hawakuweza kuzisoma.

Si uvivu, wala si upungufu wa akili. Mtoto huyu ametoka kwenye utaratibu uliomfundisha kitu kingine kabisa. Kidato cha tano na sita, hasa kwenye kombi za sanaa kama HGL (Historia, Jiografia na Kiingereza) na HKL (Historia, Kiswahili na Kiingereza), insha ina umbo lake: utangulizi, hoja sita, hitimisho. Mwalimu anatoa hoja, mwanafunzi anazikariri, mtihani unazidai, na anayezikumbuka zote na kuzieleza kidogo kidogo anapata alama zake. Vijana wanaziita nondo. Chuoni swali linakuja bila kutaja idadi ya hoja. Linamwambia atathmini dai fulani. Mwanafunzi anatafuta hoja sita, anazipanga vizuri, anapata 8 kati ya 20, na hajui amekosea wapi kwa sababu kila alichoandika ni kweli tupu. Mhadhiri alitaka msimamo mmoja unaojengwa hatua kwa hatua, ushahidi wa watu wengine ukiwekwa mahali pake, na upande wa pili ukipewa nafasi ya kusikika kabla ya kujibiwa. Kijana hajawahi kuona jambo hilo likifanywa. Hata insha moja ya namna hiyo, iliyosahihishwa kwa kalamu nyekundu, hajawahi kuishika mkononi.

Nieleze tukio moja la darasani kwangu. Mwaka jana niliwapa vijana wa Mabibo mada ya mafuriko ya bonde la Msimbazi. Niliichagua kwa sababu wote wanaijua. Ni watoto wachache wa Dar es Salaam ambao hawajawahi kukwama mvua zikifunga njia pale Jangwani, na wapo ambao ndugu zao walihamishiwa Mabwepande baada ya mafuriko ya Desemba 2011. Nikawaambia kila mmoja atafute maandishi ya kitaaluma juu ya bonde hilo, ayasome, kisha aandike aya moja ya Kiingereza inayojibu kwa nini mafuriko yanarudi kila mara. Kijana mmoja mpole, aliyetoka shule ya kata huko Kisarawe kabla ya kwenda bweni kidato cha tano, akaleta aya iliyonyooka mno. Haikuwa na kosa hata moja la sarufi. Nikamwita mezani.

"Mwanangu, nani amesema mafuriko yanatokana na taka kuziba mto na watu kujenga bondeni?"

"Mimi, madam."

"Umejuaje?"

"Imeandikwa."

"Imeandikwa na nani?"

Akafungua begi, akatoa karatasi alizotolea kopi steshenari. Zilianzia ukurasa wa pili. Kopi pale ni shilingi 100 kwa ukurasa, na mtu wa kwanza kutoa kopi makala ile aliona ukurasa wa mbele, wenye jina la mwandishi, mwaka na ikisiri, ni kupoteza hela. Waliomfuata wakatoa kopi kutoka kwenye kopi yake. Ikawa kila anayeipata anaipata bila kichwa. Kijana wangu aligeuza karatasi mbele na nyuma, akatafuta jina, kisha akaniambia kwa sauti ya chini, "Madam, hayapo. Haya ni madesa tu," yaani nakala za kusomea ambazo wanafunzi hupitishiana mkono kwa mkono.

Hakuwa ameiba, Mhariri. Mwizi anajua kwamba kitu kina mwenyewe. Huyu hakuna aliyewahi kumwonesha kwamba maarifa yaliyo kwenye karatasi yametoka kwa mtu, kwamba mtu huyo ana jina, aliandika mwaka fulani, aliangalia ushahidi fulani na kuacha mwingine, na anaweza kuwa amekosea. Madesa yote aliyosomea tangu kidato cha kwanza hayana mwandishi. Kwake, kitu kikishaandikwa basi ni kweli, na kikiwa kweli basi ni cha wote, kila mtu akitumie. Anakwenda chuo kikuu na imani hiyo, na wiki ya nne anaambiwa kazi yake ina asilimia kubwa ya maandishi ya watu kwa mujibu wa programu ya kukagulia, na anaitwa ofisini kama mhalifu. Mzazi mwenzangu wa Kimara, kozi ya kuongea haifiki huko hata ikidumu mwaka mzima.

Wapo waliolitafiti hili muda mrefu. Jim Cummins wa Kanada alitenganisha, tangu mwaka 1979, lugha ya mazungumzo ya kila siku na lugha ya kitaaluma. Kutokana na watoto wa wahamiaji huko Kanada, alieleza kwamba mtoto huweza kuongea vizuri na wenzake ndani ya miaka miwili hivi, lakini kuwafikia katika lugha ya masomo huchukua miaka mitano hadi saba. Ni vitu viwili vinavyokua kwa mwendo tofauti. Nami naviona vikitengana mbele ya macho yangu. Katika darasa hilo hilo alikuwepo binti aliyesoma shule za mchepuo wa Kiingereza tangu chekechea, anaongea kwa kasi na lafudhi inayowafanya wenzake wanyamaze akianza. Nikampa ukurasa mmoja auweke katika sentensi nne. Akaandika sentensi nne nzuri kuhusu mada, na hakuna hata moja iliyosema alichokisema mwandishi. Baba yake alinipigia simu akisema, kwa heshima kabisa, "Mwalimu, huyu Kiingereza siyo tatizo lake, naona anapoteza muda hapo." Nilimwomba aje asome ukurasa ule na sentensi zile mwenyewe. Alikuja, akasoma, akalipa mwezi uliobaki.

Wanaoendesha kozi za kuongea siwalaumu. Wanauza kinachotafutwa, na kujiamini mbele ya watu ni kitu kizuri. Kijana anayetafuta kazi ya hotelini au ya kupokea wageni ofisini atafaidika nazo. Ninachosema ni kwamba mlango wa chuo kikuu una ufunguo mwingine.

Ufunguo huo unafundishika, na wala hauhitaji mitambo. Nianze na maneno, kwa sababu hapo wazazi hudanganyika kirahisi. Mwaka 2000 Averil Coxhead wa New Zealand alichapisha orodha ya familia 570 za maneno yanayojirudia katika maandishi ya kitaaluma ya fani mbalimbali, kuanzia sheria hadi baiolojia. Maneno hayo yanachukua takriban asilimia 10 ya maandishi ya kitaaluma aliyoyachambua, lakini kwenye hadithi za kubuni aliyapata kwa asilimia 1.4 tu. Maana yake, mtoto anaweza kuangalia filamu za Kimarekani kuanzia Januari hadi Desemba, akajua kutania na kugombana kwa Kiingereza, na maneno atakayoyakuta kwenye sura ya kwanza ya kitabu cha chuo yakawa bado mageni kwake. Orodha yenyewe inapatikana bure mtandaoni. Kijana akijifunza maneno kumi kwa siku, kila neno ndani ya sentensi aliyoikuta mahali halisi, anaimaliza kabla chuo hakijafunguliwa.

Kusoma nako kuna utaratibu wake. Francis Robinson wa Chuo Kikuu cha Jimbo la Ohio, Marekani, alitoa mwaka 1946 njia ambayo bado inafanya kazi hata Mabibo: kwanza pitia sura nzima harakaharaka uone vichwa vyake, mwanzo wake na mwisho wake, jiulize maswali, ndipo usome ukitafuta majibu, kisha jisemee ulichopata bila kuangalia, halafu rudi ukague. Wanafunzi wangu wanaona ajabu sana kuambiwa waanze na mwisho wa sura. Wamelelewa kuamini kwamba kusoma ni kuanzia neno la kwanza na kutoliacha mpaka limeeleweka. Ndiyo maana wanalala ukurasa wa tatu.

Kuhusu kuandika wakati wa mhadhara, natumia mpangilio wa Walter Pauk wa Chuo Kikuu cha Cornell. Kauntabuku la kawaida, rula, mstari wa kusimama upande wa kushoto, mstari wa kulala chini. Upande mpana wa kulia ni wa mambo makuu yaliyosemwa, kushoto ni maswali yanayoandikwa baada ya kipindi, chini ni ufupisho wa sentensi mbili tatu. Mimi nimewaruhusu maswali ya kushoto wayaandike kwa Kiswahili. Nimegundua maswali ya Kiswahili ni makali zaidi. Kwa Kiingereza mtoto anauliza kile anachoweza kukiunda. Kwa Kiswahili anauliza kile anachotaka kukijua.

Lakini zoezi ninaloliamini kuliko yote ni la kumsema mwandishi kwa maneno yako. Wanasoma aya moja, mara mbili. Wanageuza karatasi kifudifudi. Kila mmoja anamgeukia jirani yake na kumsimulia kwa Kiswahili alichosema mwandishi, kama anavyomsimulia dada yake habari aliyoisikia kwenye daladala. Hapo hapo najua nani ameelewa, kwa sababu ambaye hajaelewa atasema "yaani anaongelea mambo ya mazingira" na kuishia hapo. Huyo anarudi kwenye aya, hakuna kuona haya. Aliyesimulia vizuri anachukua kalamu na kuandika kwa Kiingereza alichokisema yeye kwa mdomo wake, karatasi ikiwa bado imelala. Akimaliza anaifunua na kulinganisha: je, maana imebaki ile ile? Je, amembebesha mwandishi uhakika asiokuwa nao, kwa kusema "imethibitika" pale mwenyewe aliposema "huenda"? Je, kuna mstari mzima umepita vile vile? Mwisho anaweka jina na mwaka. Siku za mwanzo aya moja inachukua karibu nusu saa, na wapo wanaonung'unika kwamba hatuendi mbele. Kufikia Agosti wanafanya ukurasa mzima.

Yule kijana wa Kisarawe tulimtafutia makala yenye ukurasa wake wa kwanza. Alipoandika upya kwa njia hiyo, aya yake ikawa na makosa kadhaa ya sarufi ambayo ile ya awali haikuwa nayo. Nikampa alama nyingi zaidi. Alirudi mezani kuuliza kama sijakosea kusahihisha. Nikamwonesha sentensi moja aliyoandika, kwamba mwandishi anazilaumu taka, lakini takwimu alizozitoa zinahusu ujenzi. Hiyo sentensi haikuwa kwenye makala. Aliiona mwenyewe. Nilimwambia sarufi tutaitengeneza jioni moja, ila jicho lile ndilo analolipeleka chuo.

Najua wapo walimu wenzangu watakaochukia kusikia Kiswahili kimeingia kwenye kipindi cha Kiingereza. Zipo shule ambazo mtoto akisikika anaongea Kiswahili anaadhibiwa, na wazazi wanalipa wakiona ni ubora. Mimi sioni faida ya kumnyang'anya mtu lugha anayofikiria nayo wakati ndiyo kwanza unamtaka afikiri. Asiyeweza kuniambia kwa Kiswahili mwandishi amedai nini, hawezi kuniandikia kwa Kiingereza, atanakili tu. Darasa lote linaishia kwenye Kiingereza kilichoandikwa, lakini njia ya kufika huko inapita kwenye Kiswahili.

Hapa wasomaji wengi watasema suluhisho la kudumu ni kufundisha kwa Kiswahili hadi chuo kikuu. Ningefurahi kuiona siku hiyo. Tume ya Rais ya Elimu iliyoongozwa na Jackson Makweta, katika ripoti yake ya mwaka 1982, ilipendekeza Kiswahili kianze kutumika sekondari mwaka 1985, na Serikali haikulikubali pendekezo hilo. Mwaka 1984 wataalamu wawili wa Uingereza, Criper na Dodd, waliwapima wanafunzi wetu wakakuta walio wengi sekondari hawana Kiingereza cha kutosha kujifunzia. Kilichofuata kilikuwa mradi wa kuinua Kiingereza, uliofadhiliwa na Uingereza mwishoni mwa miaka ya 1980, ambao pamoja na mengine uligawa shuleni vitabu vya hadithi vya Kiingereza chepesi. Mimi ni mtoto wa vitabu hivyo. Kwenye shule niliyosoma Tanga tulivigombania mpaka majalada yakang'oka, na nina hakika bila kabati lile nisingekuwa mwalimu wa lugha. Sera ya Elimu na Mafunzo ya mwaka 2014, katika toleo lake la 2023, imekiacha Kiingereza kuwa lugha ya kufundishia sekondari. Mjadala uendelee, lakini kijana aliyefanya mtihani wa kidato cha sita Mei mwaka huu hawezi kusubiri uishe. Anaingia darasani Oktoba au Novemba.

Kuna jambo moja linalonipa moyo. Mtaala ulioboreshwa umeleta somo la mawasiliano ya kitaaluma kwa kidato cha tano na sita. Ni somo lililokuwa likikosekana kwa miaka mingi, na nawapongeza walioliingiza. Ombi langu kwa wakuu wa shule ni kwamba vipindi vyake visigeuzwe kuwa vya kumalizia topiki za Fizikia au Uchumi moki, yaani mtihani wa majaribio, ikikaribia. Na kwa wanaotunga mitihani, nawasihi sana lisiwe somo jingine la nondo, ambamo mtoto anaulizwa ataje hoja sita za umuhimu wa kunukuu vyanzo na anapata alama zote bila kuwahi kunukuu chanzo hata kimoja. Mpeni makala mbili fupi zinazopingana, mpeni saa moja na nusu, mwambieni aandike nani kati yao ana ushahidi mzito zaidi na kwa nini.

Kwenye akili unde, yaani AI, sitakaa sana. Vijana wanaitumia, na hakuna wa kuwazuia. Inaweza kumwandikia insha nzima, ndiyo, na inaweza kumtajia mwandishi ambaye hayupo duniani akiwa na mwaka na jina la jarida. Mtu aliyezoea kuuliza "nani amesema, na amejuaje?" atakwenda kutafuta, atakuta hakuna kitu, atalifuta jina hilo. Ambaye hajazoea atapeleka kwa mhadhiri kama ilivyo.

Sasa nifike kwenye ombi lililonifanya niandike. Nalielekeza kwa vyuo vikuu vyote vya hapa mjini na mikoani. Kijana akidahiliwa hupata barua. Nimezisoma nyingi, maana wananiletea niwasaidie kuzielewa. Zina kiasi cha ada, namba ya malipo, fomu ya kujazwa na daktari, tarehe ya kuripoti, vyeti halisi vya kuja navyo, mambo ya bima ya afya na malazi. Zote ni habari za lazima. Ila barua nilizoletewa hazikuwa na hata mstari mmoja wa kumwambia kijana atakwenda kusoma nini, kwa ugumu gani, na kazi nzuri ya mwaka wa kwanza inafananaje. Anaandaa godoro na ndoo. Kichwa anakipeleka hivi hivi.

Naomba barua hiyo ije na vitu vitatu. Kwanza, andiko moja halisi la muhula wa kwanza wa kozi aliyopata, kurasa zote, ule wa mbele ukiwemo. Si dondoo, si ufupisho wa mhadhiri. Andiko lenyewe, ili alione kwa macho yake akiwa bado na wiki kadhaa mbele. Pili, swali moja ambalo mwaka wa kwanza waliwahi kupewa juu ya andiko hilo. Tatu, insha iliyoandikwa na mwanafunzi aliyepita kujibu swali hilo, kwa ruhusa yake na jina likiwa limefutwa, pamoja na maneno ya msahihishaji pembeni: hapa umedai bila ushahidi, hapa umemwelewa mwandishi vibaya, hapa ni pazuri endelea. Ya tatu ndiyo yenye thamani kubwa. Kijana akisoma insha iliyopata 14 kati ya 20 na kuona kwa nini haikupata 17, amejifunza kuliko mihadhara mingi ya juu ya uandishi bora.

Gharama yake ni ndogo mno. Mambo ya udahili sasa yako mtandaoni, barua wanazipakua kwenye simu. Faili moja la PDF litaongezeka. Idara inahitaji mhadhiri mmoja achague andiko, na mwanafunzi mmoja akubali insha yake itumike. Wale wanaochaguliwa kwenda JKT kwa mujibu wa sheria watalikuta wakitoka kambini. Wa mbali, kule ambako hakuna tuisheni wala mwalimu wa Mabibo, watakuwa na kitu kile kile alicho nacho mtoto wa Masaki. Nayasema haya hasa kwa ajili yao. Mtoto ambaye mjomba wake ni mhadhiri anaoneshwa mambo haya sebuleni. Mtoto wa Nachingwea anayaona kwa mara ya kwanza siku anayorudishiwa kazi yenye alama 8.

Kwa wazazi ambao vijana wao wako nyumbani hivi sasa: hela mliyotenga inatosha, na pengine itabaki. Nunua kauntabuku. Mpe nauli aende Maktaba Kuu pale Barabara ya Bibi Titi Mohamed siku mbili tatu kwa wiki, achague kitabu cha fani aliyoomba, asome sura moja kwa utaratibu niliouelezea. Jioni muulize kwa Kiswahili: leo umemsoma nani? Anadai nini? Amejuaje? Wewe umekubaliana naye wapi na umekataa wapi? Maswali hayo hayahitaji mzazi anayejua Kiingereza. Mama mmoja wa hapa mtaani, anayekaanga vitumbua alfajiri na mwenye elimu ya darasa la saba, alikuwa akimuuliza binti yake hivyo kila siku wakati wa kuloweka mchele. Binti alikuja kuniambia kwamba maswali ya mama yake yalikuwa yanamtoa jasho kuliko ya kwangu, maana mama hakubali "imeandikwa".

Nimeambatanisha na barua hii mfano wa kifurushi ninachokisema, nilichokiandaa kwa kutumia mada ya bonde la Msimbazi: andiko, swali, na insha iliyosahihishwa ambayo mwandishi wake ameniruhusu niitumie. Naomba kikae hapo ofisini kwenu, Mhariri, na idara yoyote ya chuo chochote itakayokitaka ikichukue na kukibadilisha itakavyo. Majina ya waliodahiliwa awamu ya kwanza hayajatoka bado, kwa hiyo barua za mwaka huu hazijatumwa.

Mwalimu wa Kiingereza,
Mabibo, Dar es Salaam